Mnyama wa Ta Laurenti

Bugomora, Kyerwa

Baba yangu,

Shikamoo. Nakupa na shikamoo nyingine ya akiba, maana baridi ya huku inanitetemesha vidole na sijui kama ya kwanza imesomeka. Macho yanaendeleaje tangu uanze yale matone? Na mguu, bado unakusumbua mvua zikinyesha? Mimi ni mzima kabisa. Ndizi za huku zimeninenepesha mpaka sare ya kazi imeanza kunibana mabegani.

Shaibu, mdogo wangu, najua wewe ndiye msomaji. Soma polepole, usiruke mistari kama unavyoruka zamu ya kuteka maji. Ndani ya bahasha mna kikaratasi kilichofungwa kwa uzi. Usikifungue mpaka ufike mwisho wa barua. Kilichomo ndicho kilichonifanya niandike badala ya kupiga simu, kwa sababu hakipiti kwenye simu.

Baba, leo ninajisifu. Najua utasema mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Sawa, lakini mgema huyu hajasifiwa na mtu, anajisifu mwenyewe, kwa hiyo tembo lake liko salama.

Unakumbuka nilipokwambia kwamba ofisi yetu ya wanyamapori imeletewa darubini ya joto, ile ya kufunga juu ya bunduki? Ulicheka mpaka ukapaliwa. Ukasema, "Bunduki yenye televisheni! Sasa mnawinda au mnatazama mpira?" Iliniuma, Baba.

Basi sikia ilivyo. Ni bomba fupi jeusi, zito kama chupa ya chai iliyojaa. Ukiweka jicho huoni rangi wala manyoya, unaona joto tupu. Chenye joto kinang'aa cheupe, chenye baridi kinabaki cheusi. Sungura aliye mbali unamwona kama punje ya mchele iliyodondoka kwenye kaniki. Huwashi tochi, na mnyama hana habari kama anatazamwa. Iko moja tu kwa ofisi nzima. Wanaume walipogundua kwamba inamtaka mtu alale kwenye umande usiku kucha, kila mmoja ghafla akawa na mgongo mbovu, ikaniangukia mimi.

Na ina uongo wake. Usiku wa kwanza nilinyemelea kichuguu. Cheka tu, nimekuruhusu. Kichuguu kinashiba jua mchana kutwa, giza likiingia kinang'aa kama nyati aliyelala. Nilitambaa kwa tumbo kwenye nyasi zilizolowa, nimeshika pumzi, nikafika nikakuta mchwa wanaendelea na shughuli zao. Hapo ndipo nilipokumbuka neno lako la enzi za gobore: "Mnyama ana jina. Kama hujalitaja jina lake, usivute." Nikaliweka kichwani, na ndilo lililofanya niwe na barua ya kuandika.

Tuliitwa kwenye kitongoji kimoja cha huku Bugomora. Kuna mama mjane anaitwa Ma Leokadia. Huku mzee wa kiume ni Ta na wa kike ni Ma, ndiyo heshima yao. Misimu mitatu mfululizo maharage yake na viazi vyake vinafukuliwa usiku, asubuhi anakuta matuta yamepinduliwa. Jirani yake ni Ta Laurenti, mzee mfiwa anayeishi peke yake, fundi wa lubisi, pombe yao ya ndizi. Wanatenganishwa na mstari wa miti ya mpaka tu. Shamba la Ta Laurenti halijaguswa hata shina moja.

Unaona inakoelekea. Watu walianza kunong'ona kisimani, wakaja kusema waziwazi kwamba mzee anafuga mnyama wa usiku, anamtuma kwa jirani. Uliitishwa mkutano Jumapili baada ya misa ili afukuzwe kwenye kibanja chake. Na kibanja huku si nyumba tu, Baba. Ni nyumba na migomba na mibuni, na chini ya ile migomba wamezikwa mkewe na wanawe wawili. Mzee wa umri wako, aondoke na jembe begani, akaanze wapi? Nilipofika nilimkuta amekwisha kufunga mzigo wake kwenye shuka. Nilimsalimu, akaniitikia vizuri, akaniuliza kama huko kwetu kuna kahawa. Nikamwambia kwetu ni korosho. Akanihurumia.

Tulijilaza mimi na Deusi kwenye kilima kidogo kinachotazama mashamba yote mawili. Deusi ni mgambo wa kitongoji, kijana shupavu, mdomo wake haupati likizo. Ilikuwa usiku wa Ijumaa. Ukungu ulipopungua nikaweka jicho, lo! Katikati ya migomba ya Ta Laurenti kulikuwa na kitu cheupe kimelala. Kikubwa, kina tumbo, kimefunikwafunikwa na majani, hakitikisiki. Nikampa Deusi atazame. Akaruka kama amekanyaga siafu.

"Ndiye huyo, afande! Piga!"

"Mnyama gani? Nitajie jina."

"Ni kintu, afande. Kitu! Piga kabla hajaamka!"

"Kitu hakipigwi risasi, Deusi. Nitajie jina."

Akatazama tena. Akasema kiboko. Akasema hapana, fisi mkubwa. Akasema ng'ombe asiye na kichwa. Nikamwambia ng'ombe asiye na kichwa hali maharage. Alinikasirikia sana, akasema mwanamke ameogopa, na kesho atawaambia watu wote. Baba, nisikufiche, kidole kilikuwa kinawasha. Kitu kiko pale kinang'aa, bunduki iko tayari, shabaha nimeisawazisha mwenyewe mchana kwenye kibuyu. Nikatoa kidole kabisa, nikakifumba kwenye ngumi.

Kabla hatujamaliza kugombana, nguruwe pori wakapanda kutoka bondeni kwenye mafunjo. Watano, wamejipanga mstari, dume kubwa mbele. Hao niliwajua jina kabla hawajafika nusu ya njia, kwa ile migongo yao na mwendo wa kujidai. Walikuja moja kwa moja mpaka chini ya shamba la Ta Laurenti. Pale dume akasimama. Akainua pua. Akageuka ghafla na wenzake wote nyuma yake, wakazunguka, wakaingia kwa Ma Leokadia kama wageni walioalikwa. Nilirekodi yote, maana darubini ile inatunza picha.

Sikuwapiga. Nyuma yao palikuwa na nyumba ya Ma Leokadia, naiona kabisa, ukuta wa jikoni unang'aa kwa joto la mafiga. Ulinifundisha risasi haina macho ya nyuma. Wakala wakashiba. Asubuhi yule mama alinitolea maneno ambayo Shaibu hawezi kuyasoma mbele yako.

Kulipopambazuka nikamwambia Deusi, twende tukamwamkie mnyama wako. Tukaingia kwenye migomba. Baba yangu, unajua tulikuta nini? Shimo la kuivishia ndizi. Wanachimba, wanapanga ndizi mbichi za pombe, wanafunika kwa majani na udongo, pembeni wanaacha mdomo wa moto unaofuka polepole siku kadhaa mpaka ndizi ziive. Udongo wake ni wa moto kama tumbo la mama mjamzito. Na Ta Laurenti mwenyewe alikuwa amelala pale, mgongo ameuegemeza kwenye udongo, amejifunika majani ya mgomba. Aliogopa watachoma nyumba yake kabla ya Jumapili, kwa hiyo alikuwa akilala nje, kwenye joto la ndizi zake. Joto la shimo na joto la mzee yalikuwa yameungana kwenye kioo, yakawa mnyama mmoja.

Deusi alikaa chini. Amekunywa lubisi ya shimo lile tangu aote ndevu, ametumwa kulichimba mara ngapi, lakini kwenye kioo hakulijua. Alikaa chini akashika kichwa, akawa anasema, "Waitu, waitu, waitu," ambayo ni heshima yao na ndiyo mshangao wao pia. Nililia, Baba. Sikuona haya.

Ta Laurenti akaamka, akatuona na bunduki, akasema, "Karibuni. Chai bado."

Moshi wa shimo ulikuwa unashuka. Ulinionyesha zamani kwamba usiku hewa ya baridi huteremka bondeni. Basi moshi wake unatambaa katikati ya migomba unateremka mpaka kule chini ambako nguruwe wanapandia. Wanasikia moshi, wanajua pana mtu na mbwa, wanakwepa. Na yeye ni fundi wa lubisi, shimo moja likiisha analifukiza jingine, moshi haukatiki. Kwa Ma Leokadia haufiki. Hakuna aliyeliwaza hilo, kwa sababu moshi wa ndizi huku ni kama harufu ya nyumbani kwako, pua imekwisha kuizoea.

Jumapili nikaenda mkutanoni kifua mbele. Nilidhani nimemaliza kazi. Nikamwonyesha mwenyekiti wa kitongoji ile picha, nikawaonyesha wote kwenye simu, wakapokezana: nguruwe wanakuja, wanafika mpakani kwa mzee, wanageuka. Halafu Ma Leokadia akapaza sauti, "Si nilisema? Wanamtii!"

Wee! Mkutano ukalipuka. Picha niliyoleta kumwokoa ndiyo ikawa ushahidi wa kumfukuza. Mzee mmoja akasimama akagonga fimbo akasema kwa Kiswahili kizuri, ili na mimi nisikie, "Pafukapo moshi pana moto!"

Nikaruka. "Hapo hapo, mzee wangu! Umesema kweli kuliko unavyojua. Tuufuate huo moshi."

Nikawaeleza habari ya shimo. Wengine wakacheka, wengine wakaguna. Nikasema, msiniamini mimi, mimi ni mgeni, mtoto wa korosho. Leo lichimbwe shimo kwa Ma Leokadia, upande wa juu wa shamba lake, litiwe moto. Usiku mwenyekiti mwenyewe alale na mimi kilimani, atazame kwa jicho lake. Nguruwe wakiingia, mimi nitambebea Ta Laurenti mzigo wake mpaka barabarani na nitaacha kazi. Ndiyo, nilisema hivyo. Ulimi uliteleza, lakini ulishatoka.

Swali likawa nani atalifukiza. Wanaojua wapo, lakini ule ufundi wa moshi usiokatika ni wa mtu mmoja. Wote wakamtazama. Ta Laurenti alikuwa amekaa juu ya mzigo wake. Akainuka, akaenda kwake, akarudi na kigae chenye makaa, akapita katikati ya watu waliotaka kumfukuza, akaenda kupiga magoti kwenye shamba la mwanamke aliyemsingizia, akapuliza. Sijawahi kuona mtu akiwashinda watu kwa kupuliza moto.

Usiku ule mwenyekiti alikuja na koti, blanketi na mashaka yake yote. Deusi akaja, hajaitwa. Tukangoja mpaka mwenyekiti akaanza kukoroma. Nikamgusa, nikampa darubini. Nguruwe walikuwa wanapanda. Wakafika kwa Ta Laurenti, dume akainua pua, wakageuka. Wakazunguka kwenda kwa Ma Leokadia kama kawaida yao. Dume akasimama. Akainua pua tena.

"Mama yangu!" mwenyekiti akanong'ona. "Anakataa! Anakataa!"

Wakarudi nyuma, wakajaribu juu, wakajaribu chini, wakahangaika kama watu walionyimwa karamu mlangoni. Mwenyekiti alicheka huku amejiziba mdomo kwa blanketi, mtu mzima, mabega yanaruka. Hakunirudishia darubini mpaka nilipomwomba mara tatu.

Kulipoanza kupambazuka wakakata tamaa, wakateremka kwenda bondeni kupitia uwanda mtupu, mgongo wa kilima kingine uko nyuma yao, hakuna nyumba, hakuna njia ya watu. Dume akabaki nyuma, amesimama ubavu. Nikaweka jicho.

"Deusi," nikasema, "nitajie jina."

"Nguruwe, afande! Nguruwe pori, dume, miguu minne, na kichwa anacho!"

"Sasa ndiyo."

Risasi moja, Baba. Moja! Alianguka palepale, hakupiga hata kelele. Mlio ulizunguka vilima vyote ukarudi, na kabla haujanyamaza watu walikuwa wanatoka majumbani na mapanga na masufuria, wakijua kabisa kilichotokea. Wanawake walipiga vigelegele. Deusi akaanza kusimulia kabla hajafika kwa watu, na katika hadithi yake yeye ndiye aliyenizuia nisipige ile Ijumaa. Nimemwachia, tumeshakuwa watani.

Kuhusu nyama usiwe na wasiwasi. Walikula wao, mimi walinichinjia jogoo, wakamwita mfanyabiashara Mwislamu wa dukani aje ashike kisu ili nafsi yangu itulie. Wananiita Mama Nguruwe Asiyeonja. Jina limeenea mpaka Nyaishozi, juzi dereva wa lori aliniamkia nalo.

Sasa kila shamba linaloelekea bondeni lina shimo la moshi, na Ta Laurenti ndiye mwalimu. Ma Leokadia alimpelekea ndizi na maharage vilivyopikwa pamoja, kikapu kizima, akapiga magoti. Mzee alikipokea kikapu siku ileile, lakini msamaha aliutoa siku ya tatu. Nilipomuuliza kwa nini, akasema chakula hupoa, msamaha haupoi. Mzigo wake ameufungua, na shuka nimeiona imeanikwa kwenye kamba.

Nisalimie Mama, mwambie kitenge kinakuja. Nisalimie shangazi aliyesema bunduki itanikosesha mume, mwambie mwenyekiti ana mpwa wake, lakini mimi ndiye ninayekataa. Nisalimie na kaka yetu mkubwa huko shambani, na bibi mzaa mama, umbusu mkono kwa ajili yangu.

Shaibu, sasa fungua kikaratasi.

Baba, jana Ta Laurenti aliniita. Aliniuliza, "Nani alikufundisha kuuliza jina kabla ya kuua?" Nikamwambia baba yangu. "Yu hai?" Nikamwambia yu hai, waitu, ila macho hayaoni tena vizuri, mtu akiwa mlangoni haoni ni nani.

Akatoa kikapu kidogo cha kahawa za kutafuna, zile wanazozichemsha na majani kisha wanazianika, wanawapa wageni. Akachagua tunda moja, akalipasua. Kila tunda lina punje mbili zilizolala kwenye ganda moja. Zamani huku, watu wawili wakitaka kuwa ndugu wa kufa na kuzikana, walikuwa wanagawana punje hizo, mmoja hii, mmoja hii, na undugu huo haukatwi. Akaweka moja mdomoni akaitafuna mbele yangu. Ya pili akaniwekea kiganjani.

"Hii ya baba yako."

Nikamwambia, lakini hamjaonana.

Akasema, "Ijumaa usiku nilipokuwa nimelala nje, alinionaje mpaka akakuzuia kidole? Majirani zangu wenye macho yao hawakuniona."

Mpe mkononi, Shaibu. Itafune, Baba. Ni chungu kidogo. Meno yakikataa, Mama aiponde, lakini asitie sukari. Ndugu yako huku amekwisha kula nusu yake.

Mwanao aliyetaja jina kwanza,
Zuhura